Mheshimiwa Waziri, kabla wageni hawajafika Fizi

Kwa Mheshimiwa Waziri wa Utalii wa Jamhuri ya Kidemokrasia ya Kongo,
Kinshasa

Mheshimiwa Waziri,

Kwa unyenyekevu mkubwa, na kwa heshima ambayo mtoto aliyelelewa vizuri humpa baba yake, naomba radhi kwa kukufikia kwa barua ya wazi. Kwetu Fizi mtu hamwendei mkubwa mikono mitupu, wala hasemi naye kwa sauti inayosikika mpaka barazani. Nimethubutu kwa sababu ombi nililobeba si langu peke yangu, na wenye nalo wanayo haki ya kusikia jinsi nilivyolisema.

Kabla ya ombi, shukrani. Mwaka 2025 serikali yetu ilifanya mikataba na klabu za AS Monaco, AC Milan na FC Barcelona ili jina la Kongo, moyo wa Afrika, lionekane mbele ya dunia. Ule wa Barcelona peke yake ni wa miaka minne na thamani yake inapita euro milioni 40. Wapo waliouliza kama fedha hizo zisingefaa kazi nyingine, na wana haki ya kuuliza. Mimi leo sikuja kwa hilo. Nimekuja kukueleza jinsi habari hiyo ilivyopokelewa huku chini, kando ya ziwa. Vijana wa Baraka, wale wanaolipa faranga chache kutazama mpira kwenye vibanda vya video, wameliona jina la nchi yao mgongoni mwa jezi za mazoezi za timu wanayoipenda kuliko zote. Wamefurahi, Mheshimiwa. Kisha wakaanza kuulizana: wageni hao wakija kweli, wataletwa kuona nini? Na huku kwetu watafika?

Nikiruhusiwa, nijibu kwa niaba yao. Wakifika Fizi watakuta mengi. Watakuta Ziwa Tanganyika, lenye kina cha mita 1,470, la pili kwa kina duniani baada ya Baikal, na ndani yake aina zaidi ya mia mbili za samaki wasiozaliwa mahali pengine popote. Watakuta rasi ya Ubwari imejinyoosha majini mbele ya Baraka, na katikati ghuba inayobeba jina la Richard Burton, Mwingereza aliyepita maji haya pamoja na Speke mwaka 1858. Wapenda historia wataomba kupelekwa Kibamba, ambako Che Guevara alishuka kutoka Kigoma tarehe 24 Aprili 1965 na kuondoka tarehe 21 Novemba mwaka huohuo. Na ukipenda kuwapandisha mlima zaidi kuna Hewa Bora, ambako Mzee Laurent-Désiré Kabila alikaa na watu wake miaka mingi kabla dunia haijamjua. Kule juu kabisa kuna misitu ya Itombwe na gorila wake. Gorila wakubwa wa mashariki ya Kongo, wale ambao wataalamu wanawaita kwa jina la Mwaustria Rudolf Grauer, waliandikwa kwa mara ya kwanza na Mjerumani Paul Matschie mwaka 1914, na mahali walipotajwa kutoka ni nchi ya Babembe, kilometa 80 kaskazini-magharibi ya Boko kwenye ufuko wa ziwa. Boko hiyo ni Mboko yetu, kwenye barabara ya Uvira. Watu hupanda ndege kumwona mnyama huyu bila kujua kwamba cheti chake cha kuzaliwa kina jina letu.

Najua vema, Mheshimiwa, kwamba leo hakuna mtalii anayeweza kuteremka Baraka na begi lake mgongoni. Bukavu ilitwaliwa na waasi wa M23 Februari 2025. Watu wengi wa milimani wanalala kwa ndugu zao chini ziwani, na katika kambi ya Lusenda wapo Warundi waliokimbia kwao tangu mwaka 2015. Mtu anaweza kusema kwamba kuzungumza juu ya utalii wakati huu ni kukosa adabu mbele ya waliofiwa. Nimeliwaza sana jambo hilo. Nimeona kwamba wakati mwema wa kuandika ni huu, ambapo bado hakuna hoteli ya kubomolewa wala tiketi ya kugombaniwa. Vita vitaisha. Siku vitakapoisha, mwenye ramani atafika huku kabla mwenye jembe hajamaliza kurudi shambani kwake.

Naomba unisamehe sasa nikikupeleka mbali kidogo, hadi Yordani, kwa Mabedui, wafugaji wa jangwani. Sina shaka kazi yako imekufikisha huko au imekukutanisha na wenzako wa huko, na utanisahihisha palipo na haja. Pale Petra, mji wa kale uliochongwa katika mwamba mwekundu, waliishi watu wa kabila la Bdul pamoja na mbuzi wao. Mapango yalikuwa nyumba zao. Mwaka 1985, mwaka uleule UNESCO ilipoiingiza Petra katika orodha ya urithi wa dunia, watu hao walihamishiwa kijiji kipya juu ya kilima, Umm Sayhoun. Walipewa nyumba za matofali, maji, umeme na shule, na haya si mambo ya kudharau. Mama aliyekuwa akichota maji bondeni anajua thamani ya bomba. Lakini kijiji kilibanwa pale kilimani, vizazi vimeongezeka na ardhi haikuongezeka. Mbuzi wamepungua. Riziki imekuwa punda na ngamia wa kukodisha, shanga na kadi za picha, na wako watoto ambao wageni waliwapita asubuhi mpaka jioni na shule nayo ikawapita. Mwaka 2005, miaka ishirini baada ya kuwahamisha, dunia ileile ikatangaza kwamba utamaduni wa Mabedui wa Petra na Wadi Rum ni urithi wa binadamu wote: mashairi yao, ufugaji wao wa ngamia, ufumaji wa mahema, ujuzi wa kufuata nyayo katika mwamba na mchanga. Heshima hiyo ilistahili. Kilichoniuma nilipoisoma ni kwamba ilitolewa kwa maisha ambayo wenyewe walikuwa wameshaondolewa.

Kusini mwa hapo, katika jangwa la Wadi Rum, mambo yalikwenda kwa namna nyingine, na hapa ndipo naomba usikivu wako zaidi. Filamu ya Lawrence of Arabia ya mwaka 1962 ilipowaonyesha walimwengu mchanga ule, wageni walianza kuja, na waliowapokea walikuwa Mabedui wenyewe. Waliwabeba kwa ngamia, baadaye kwa magari yao. Wakajiunga katika ushirika. Wakajenga kambi za mahema na kuwapikia wageni nyama katika tanuri la chini ya mchanga, kama walivyowapikia wageni wao wa zamani. Si pepo. Kambi zimejaa kupita kiasi, matairi yamechora jangwa, vijana wengi hawajui tena kulea kundi la ngamia mwaka mzima. Hata hivyo mgeni wa Rum analala kwa mtu. Anamjua mwenyeji wake kwa jina, na fedha yake inaingia katika nyumba inayojulikana.

Kwa nini nakuchosha na jangwa, Mheshimiwa, mimi mtu wa ziwa na mvua? Kwa sababu jangwa lina sifa moja ambayo ufukwe wetu, msitu wetu na nyanda zetu za juu zinayo vilevile: kwa macho ya mgeni linaonekana tupu. Hakuna ukuta wala kibao. Mbedui anajua kisima hiki ni cha nani, malisho yale hufunguliwa mwezi gani, mti ule haukatwi. Mgeni haoni hata kimoja katika hivyo, anaona mchanga mzuri usio na mwenyewe. Na anayetengeneza ramani mara nyingi huona kama mgeni.

Uje uone Baraka alfajiri, mitumbwi inaporudi na ndakala, dagaa wa ziwa letu. Ufukwe huwa soko, ofisi na baraza kwa saa moja. Wavuvi wanashusha, akina mama wamesimama majini hadi magotini na mabeseni yao, wengine tayari wametandaza ndakala juu ya mchanga na nyavu kuukuu wakiomba jua liwe kali. Mtoto mwenye fimbo anazunguka kufukuza ndege. Mwenye mtumbwi, mwenye wavu, mwenye taa na wale waliovuta usiku kucha, kila mmoja ana fungu lake na hakuna anayeuliza karatasi. Mjane anayekuja na beseni tupu naye hajibiwi kwa mgongo. Kila kipande cha mchanga kina watu wanaokianikia, na mama mkwe humwachia mkwewe mahali pake kama anavyomwachia sufuria. Saa nne ukirudi, watu wametawanyika, wameingia sokoni na mashambani kwenye mihogo. Ukipiga picha saa hiyo utapata maji ya buluu, mchanga na milima ya Ubwari ng'ambo. Ni picha nzuri ya kuwekwa katika kitabu cha wizara. Mwekezaji atakayeiona atauliza kiwanja hicho ni bei gani, na huenda akapata mtu wa kumtajia bei.

Sheria yetu ya ardhi ya tarehe 20 Julai 1973 inasema udongo ni mali ya dola. Ilisema pia kwamba haki za watu wa vijijini juu ya ardhi wanazokalia kwa desturi zingepangwa kwa amri ya Rais, na kwa miongo mingi amri hiyo haikutoka. Katikati ya maneno hayo mawili ndipo tunapoishi sisi. Simlaumu mtu yeyote kwa hilo. Naeleza tu kwa nini mwananchi wa Fizi akisikia neno "mradi" moyo wake hushtuka kwanza ndipo ufurahi.

Tumejifunza kushtuka kutoka kwa majirani. Hifadhi ya Kahuzi-Biega ilianzishwa mwaka 1970, ikiwa na kilometa za mraba 600, kisha mwaka 1975 ikapanuliwa hadi 6,000. Adrien Deschryver, Mbelgiji aliyeipigania, alizoesha gorila wakubali kuwa karibu na watu, na dume Kasimir akajulikana mbali. Ni miongoni mwa mahali pa kwanza duniani ambapo mtalii alipelekwa msituni kumtazama gorila kwa utulivu. Nchi yetu ilipata sifa. Batwa waliokuwa wakiishi katika msitu huohuo, wakiwinda na kurina asali na kuzika wazee wao, walitolewa nje bila kupewa ardhi nyingine ya kutosha, na wajukuu wao wamebaki kandokando ya mashamba ya wengine wakiomba vibarua. Mwaka 2018 baadhi yao walirudi msituni kwa nguvu, na damu ikamwagika, yao na ya walinzi wa hifadhi, ambao nao ni watoto wa watu. Mwaka 2024 ulitangazwa uamuzi wa Tume ya Afrika ya Haki za Binadamu na Watu, kwamba dola letu lilivunja haki za Batwa hao. Miaka hamsini, Mheshimiwa, tangu kufukuzwa hadi kuambiwa kwamba hawakustahili kufukuzwa. Waliokuwa wazee wakati ule hawakuusikia uamuzi huo.

Ng'ambo ya mpaka, Uganda, Batwa wa Bwindi na Mgahinga walitolewa misituni mwaka 1991 zilipotangazwa hifadhi za taifa. Leo kule Mgahinga kuna ziara ambayo wao wenyewe huwaongoza wageni. Mtwa huvaa kama babu yake, huwasha moto kwa kusugua vijiti, huonyesha mzinga wa asali na majani ya dawa, na mwisho wote huingia pango la Garama, ambamo wanawake huimba gizani. Wageni hulia machozi. Ni kazi ya halali, inalisha watoto, na wapo Batwa wanaoipenda kwa sababu ndiyo njia iliyobaki ya kukanyaga ule msitu. Ila ziara ikiisha, mwenye kuwasha moto anatoka pamoja na wageni. Haruhusiwi kubaki. Nakusihi, Mheshimiwa, uliweke hilo moyoni: mtu anaigiza maisha yake mbele ya wageni katika nyumba ambayo yeye halali tena. Hicho ndicho tunachokiogopa, kuliko hata umaskini.

Na Wamaasai wa Tanzania? Habari yao unaijua kunishinda: walitolewa Serengeti mwaka 1959 na kuahidiwa Ngorongoro, kisha Ngorongoro nayo ikawa ya kuhamwa kwenda Msomera, na Juni 2022 kilometa za mraba 1,500 za malisho ya Loliondo zikawekewa vigingi. Nanga ya mfugaji ni malisho. Yakishaitwa makazi ya wanyamapori tu, ng'ombe ndiye wa kwanza kuonekana mvamizi.

Nyanda zetu za juu zina ng'ombe pia, zina mashamba, na zina Batwa. Babembe, Banyindu, Bafuliiro, Bavira, Banyamulenge, Batwa, wote wana makaburi huko, na wengi wamezikana wenyewe kwa wenyewe kwa uchungu ambao barua hii haitoshi kuueleza. Nasema neno moja tu: mpaka wowote mpya utakaochorwa huko kwa haraka, hata kwa nia njema ya kumlinda gorila, utakuwa kuni juu ya moto. Mpaka uliozungumzwa na wote unaweza kuwa kinyume chake.

Kwamba jambo hilo linawezekana, Itombwe ni shahidi, na napenda kulisimulia kwa sababu si mara nyingi tunapata kusema wema wa serikali yetu. Tarehe 11 Oktoba 2006 waziri wa mazingira wa wakati huo alitia sahihi amri ya kuanzisha Hifadhi ya Itombwe. Ilitiwa sahihi Kinshasa. Vijiji vya Fizi, Mwenga, Shabunda na Uvira vilikuja kusikia baadaye kwamba viko ndani ya hifadhi, pamoja na makanisa na mihogo yao. Watu walikataa, kwa maneno na kwa barua. Hapo ndipo jambo lingeweza kuharibika kama Kahuzi. Badala yake watu wa ICCN, taasisi ya taifa ya uhifadhi, mashirika ya uhifadhi na mashirika ya wenyeji walikaa chini na wazee, kijiji baada ya kijiji, wakiuliza: mnawinda wapi, mnalima wapi, matambiko yenu yako wapi, wapi hapaguswi hata kwenu wenyewe? Ilichukua miaka kumi. Mwaka 2016 gavana wa jimbo aliweka mipaka mipya, karibu kilometa za mraba 5,700, ikiwa na sehemu ya kulindwa kabisa na sehemu ambazo watu wanaendelea kuishi na kulima. Haikumaliza manung'uniko yote, na vita havikuruhusu mengi kutekelezwa. Lakini mzee wa Itombwe akiulizwa mpaka uko wapi anaweza kuutaja kwa jina la mto na la kilima, kwa kuwa alikuwepo ulipopangwa. Miaka hiyo kumi si hasara. Ingetosha kuwa fahari ya nchi yoyote.

Sasa naomba ruhusa ya kugusa jambo la ndani zaidi. Mtalii hapendi mandhari peke yake, anapenda na "utamaduni". Babembe wana alunga, chama cha watu walioingizwa, chenye kinyago kikubwa kinachofunika kichwa chote, chenye nyuso mbili, mmoja unatazama mbele na mwingine nyuma. Vinyago hivyo havikuwekwa kijijini, vilifichwa mapangoni, na asiyeingizwa hakuvitazama. Daniel Biebuyck, Mbelgiji aliyekaa na wazee wetu zamani za ukoloni, aliandika mengi juu yake, na tunamshukuru kwa kuandika kwa makini. Vinyago vyenyewe, vingi vimeondoka. Vimo katika makumbusho ya Ulaya na Marekani na katika nyumba za matajiri, vimeangaziwa taa, na kila anayelipa kiingilio anaona kile ambacho bibi yangu hakuruhusiwa kukiona. Juni 2022 tulimwona Mfalme Philippe wa Ubelgiji akileta Kinshasa kinyago cha Kakuungu cha Wasuku, kwa mkopo usio na mwisho. Tulifurahi. Tulijiuliza pia ni vingapi vya kwetu vinavyosubiri zamu.

Siombi desturi zote zifungiwe pangoni. Ngoma zetu za harusi, nyimbo za kutwanga, namna tunavyokaanga samaki wa mikeke kwa mawese na kula na ugali wa muhogo, haya yote tunayatoa kwa mikono miwili. Mgeni njoo, mwenyeji apone. Lakini yapo ya butende, ya vijana waliotengwa kutahiriwa, ambayo hata mama mzazi haulizi. Yapo ya alunga. Itakapofika siku ofisi ya utalii inatafuta "onyesho la kienyeji" kwa ajili ya ujumbe fulani kutoka Ulaya, atapatikana kijana mwenye njaa wa kuvaa kinyago mchana sokoni kwa dola ishirini, na hatutakuwa na uso wa kumlaumu. Mwenye kuamua kipi kinaonyeshwa awe lubunga, lile baraza la wazee ambamo mambo ya kijiji hukatwa, na neno lake la kukataa liwe na nguvu mbele ya afisa yeyote. Hilo tu.

Mheshimiwa Waziri, umenivumilia sana. Nifikie ombi.

Tunakuomba, kwa unyenyekevu wote, kwamba kabla ya kibali chochote cha hoteli, kambi au ziara kutolewa Ubwari, kwenye fukwe kuanzia Mboko hadi Kazimia, au katika misitu ya Itombwe na Ngandja, wenyeji wa mahali hapo wawe wamekwisha andikwa kuwa wenyeji. Sheria ipo, hatuombi mpya. Amri ya tarehe 2 Agosti 2014 inaziruhusu jamii za vijijini kupata misitu yao kwa hati, hadi hekta 50,000, bila kikomo cha muda. Sheria ya tarehe 15 Julai 2022 inalinda haki za Batwa, pamoja na ardhi zao. Kinachokosekana Fizi ni mtu wa wizara wa kuja na kalamu, mpimaji, na subira ya kukaa lubunga siku tatu badala ya saa moja. Faili za misitu ziko mikononi mwa wenzako wa mazingira, tunajua. Sauti yako kwao itafika mahali ambapo yetu haifiki. Kwa fukwe, tunaomba mialo ya wavuvi ipimwe na kuandikwa kuwa ya umma wa wavuvi, isiuzwe wala kuzungushiwa ua, hata kwa ahadi ya ajira za uaskari na ufagizi.

Tunaomba pia fungu la wenyeji liandikwe katika tiketi yenyewe, tangu tiketi ya kwanza. Uganda hutoa kwa jamii zinazozunguka hifadhi asilimia 20 ya viingilio, Rwanda asilimia 10 ya mapato ya utalii wa hifadhi zake. Sisi hatutaji kiasi. Wewe na wachumi wako mnajua kuhesabu kuliko sisi. Tunaomba tu kwamba kiasi hicho kijulikane, kisomwe hadharani sokoni Baraka na Fizi kila mwaka, na akina mama wa mabeseni wawepo kinaposomwa. Na waongozaji wa wageni wawe vijana wa hapahapa, wafundishwe hapahapa. Kuna watu Fizi wanaojua kila jiwe la Itombwe kwa sababu walipita humo wakikimbia risasi wakiwa watoto. Ujuzi huo waliununua ghali mno.

Mwisho, kama si kukukosea heshima, tunakualika. Siku barabara ya taifa namba 5 itakapopitika kwa usalama, upite Mboko, ufike Baraka, kisha upande nasi hadi Fizi mjini. Usije na watu wa kamera siku hiyo ya kwanza. Kaa na wazee, wa kila kabila, uwaulize maswali kama yale waliyoulizwa watu wa Itombwe: hapa ni kwa nani, na mnafanya nini hapo? Wataanza kwa kunyamaza, maana ndiyo adabu, kisha watasema mpaka jua lizame. Majibu yao yaandikwe, yatiwe sahihi pande zote mbili, nakala moja ibaki lubunga na nyingine ofisini kwako. Wageni wa kwanza wakishuka baada ya hapo tutawapokea ziwani wenyewe, na mikeke itakuwa motoni.

Pokea, Mheshimiwa Waziri, heshima zangu nyingi, pamoja na za wazee walioniruhusu kuandika.

Wako mtiifu daima,

Mtoto wa Fizi, mkaaji wa Baraka